Ndovu Aliyetuma Ujumbe na Mita Isiyosema

Wanangu, kulikuwa na ndovu dume jina lake Kimani. Huyu hakuwa wa kubuni. Aliishi katika hifadhi ya Ol Pejeta, Laikipia, upande wa pili wa Mlima Kenya ukitokea huku kwetu Kinoru, Meru, na alikuwa mwizi sugu wa mashamba. Giza likiingia alivunja ua wa hifadhi, akateremka kwa wakulima, na kufikia alfajiri shamba la mtu lilikuwa limelala chini. Watu walipiga madebe, wakawasha moto, wakapiga mayowe hadi sauti zikakauka. Kimani aliondoka, na kesho yake akarudi.

Ubaya wa ndovu mvunja ua ni kwamba wenzake humtazama, nao hujifunza. Shirika la Huduma za Wanyamapori, KWS, lilikuwa limelazimika kuwapiga risasi ndovu watano wa hifadhi hiyo kwa kosa hilohilo. Katika kundi la wavamizi wa kila mara, Kimani ndiye aliyekuwa amesalia.

Hapo ndipo shirika la Save the Elephants, lililoanzishwa na mtafiti Iain Douglas-Hamilton, lilipojaribu jambo jipya. Kimani alivishwa kola nene shingoni. Ndani ya kola mlikuwa na betri, chombo cha kupokea ishara za setilaiti ili kujua mahali kilipo, na laini ya simu, ya aina ileile iliyo ndani ya simu ya mama yako. Kisha watu wakachora mpaka kwenye kompyuta, wakiufuata mpaka halisi wa hifadhi. Mpaka huo wa kuchorwa haukuwa na nguzo wala waya. Kimani alipoukaribia, ujumbe mfupi uliingia kwenye simu za askari wa wanyamapori, nao wakaruka kwenye gari, wakamwahi kwa taa kali na kumrudisha ndani kabla hajaonja hindi hata moja. Kufikia Oktoba 2008, takriban miaka miwili tangu mradi uanze, askari walikuwa wamemzuia mara 15, na ndovu aliyezoea kuvamia karibu kila usiku alikuwa amemaliza miezi minne bila kusogelea shamba la mtu.

Kitazameni kisa hiki vizuri, kwa sababu nitakirudia katika mambo mengine yanayotuhusu sisi wenyewe hapa Meru. Kola haikumzuia Kimani. Kola haina mikono. Aliyemzuia ni askari aliyekuwa macho saa nane za usiku, mwenye gari lenye mafuta na bosi aliyekubali kumlipa kwa kazi hiyo. Kola ilitoa habari, na palikuwa na mtu aliyelipwa ili aisikie. Ukiondoa mtu huyo, kola hiyo ya bei ghali ni sawa na mbwa anayebweka katika boma lililohamwa.

Sasa tukiite kifaa hicho kwa jina lake. Kihisi ni kifaa kinachogundua hali fulani, iwe joto, uzito, mwendo, unyevu au mahali, na kuigeuza kuwa namba. Ukikipa njia ya kuipeleka namba hiyo mbali, kwa laini ya simu au kwa mawimbi mengine ya redio, kinakuwa kifaa kilichounganishwa. Vifaa hivi vikiwa vingi na kompyuta za kuvipokea, wataalamu huviita kwa pamoja intaneti ya vitu, jina ambalo Mwingereza Kevin Ashton alianza kulitumia mwaka 1999.

Wakazi wa Meru tuna majirani walioingia mapema katika mambo haya. Ukitoka Meru mjini kupitia Timau kwenda Nanyuki, utafika mahali ambapo lami inapita juu na njia ya wanyama inapita chini yake. Ndovu wa kwanza kuitumia njia hiyo ya chini alikuwa dume aliyeitwa Tony, Januari 1, 2011, na tangu hapo ndovu hushuka kutoka msitu wa Mlima Kenya hadi Lewa bila kukutana na lori. Huko Lewa, ambayo iko katika kaunti yetu, kuna chumba chenye ramani kubwa kwenye skrini ambapo askari wanaopiga doria na wanyama waliovishwa kola huonekana pamoja. Programu inayofanya kazi hiyo inaitwa EarthRanger, na sasa inatumika katika hifadhi nyingi duniani.

Lakini msidhani vihisi vilikuja na intaneti. Amkeni mapema siku moja mwende kwenye kituo cha kukusanyia maziwa. Mkulima anafika na kopo lake la alumini. Mpokeaji anayakoroga maziwa, anamimina kiasi kwenye chombo kirefu chembamba, kisha anatumbukiza humo kijiti cha kioo chenye uzito chini na namba juu. Hicho ni laktometa. Maziwa halisi ni mazito kidogo kuliko maji, kwa hiyo laktometa huelea, na namba inayosomeka juu ya maziwa huwa kati ya 26 na 32 hivi. Mtu akiongeza maji, maziwa yanakuwa mepesi na laktometa inazama zaidi. Ikisoma 22, mpokeaji hana haja ya kugombana na mtu; anamwonyesha. Laktometa haina betri wala laini, lakini ni kihisi kamili, na imewahukumu wakulima na wachuuzi tangu enzi za babu zetu.

Kasoro yake ni kwamba inasema na aliye karibu tu. Maziwa yanapotoka kwenye chuchu yana joto la mwili wa ng'ombe, kama nyuzi 38. Kwenye joto hilo bakteria huzaana kwa kasi, hivyo kituo huyatia kwenye tangi la kupoza na kuyashusha hadi nyuzi 4. Fikirieni basi stima ipotee saa sita usiku, jenereta isiwake, na mlinzi yuko langoni hana habari. Asubuhi lori la kiwandani linafika na kukuta tangi zima limechacha, na hasara hiyo inagawanywa kwa wakulima ambao kila mmoja ana ng'ombe mmoja au wawili. Kipimajoto chenye laini ya simu kingemtumia meneja ujumbe joto lilipofika nyuzi 7, akaamka akampigia fundi. Hapo hamna muujiza wowote, ila usiku mmoja wa namna hiyo unaweza kugharimu kuliko kifaa chenyewe, na hiyo ni sababu ya kutosha kwa chama cha ushirika cha maziwa kukifikiria.

Jambo ambalo mimi hulipenda zaidi liko kwenye chai. Huku Meru tuna viwanda vya wakulima wadogo vilivyo chini ya KTDA: Imenti, Githongo, Kionyo, Kinoro, Michimikuru, Igembe, Kiegoi. Msichanganye Kinoro hiyo ya chai na Kinoru yetu ya uwanja wa michezo. Kila kiwanda kina vituo vya kununulia majani huko vijijini, na kila mkulima ana namba yake.

Zamani karani alining'iniza gunia kwenye mzani wa mshale, akausoma, akaandika kilo kwa kalamu. Mshale ukisimama kati ya 7 na 8, karani aliandika 7. Kwa siku moja hilo halikumuumiza mtu. Lakini mama aliyechuma chai mwaka mzima alipoteza nusu kilo hapa na robo kilo pale, na mwishoni bonasi ilipohesabiwa hakuwa na lolote la kuonyesha ila karatasi iliyofifia kwa mvua. Tena karatasi hizo zilipelekwa kiwandani zikanakiliwa upya kwa mkono, na kila kunakili kulikuwa nafasi ya kukosea.

Kisha ukaja mzani wa kielektroniki. Ndani yake mna kipande cha chuma ambacho gunia likiwekwa hupinda kidogo sana, kiasi ambacho jicho haliwezi kuona. Juu ya chuma hicho kumegandishwa uzi mwembamba wa metali. Chuma kikipinda, uzi unavutika, na uzi uliovutika hupitisha umeme kwa shida zaidi kuliko uliolegea. Mzani unapima shida hiyo, unaigeuza kuwa kilo. Namba inapita kwa Bluetooth hadi kwenye mashine ndogo iliyo mkononi mwa karani, karani anaingiza namba ya mkulima, na risiti inachapwa papo hapo. Jioni hesabu zote za kituo zinasafiri hadi kiwandani bila mtu kuzinakili. Miongoni mwa waliotengeneza mifumo ya aina hii kwa mazao ya wakulima ni kampuni ya Virtual City ya Nairobi, ya John Waibochi, ambayo mwaka 2010 ilishinda tuzo ya dola milioni moja ya Nokia kwa kazi yake ya mifumo ya biashara kwenye simu.

Je, ubishi uliisha? Haukuisha. Mzani wa kielektroniki una kitufe cha kutoa uzito wa gunia, na kitufe kinabonyezwa na mtu. Majani yakiwa na umande, kuna kilo zinazokatwa kwa ajili ya maji, na hizo nazo ni uamuzi wa mtu. Ndiyo maana sheria inataka mizani ikaguliwe na maafisa wa mizani na vipimo na kupigwa mhuri. Hata hivyo kuna kilichobadilika, nacho ni kile kikaratasi. Mzani huu unasema na watu wawili kwa wakati mmoja: unakiambia kiwanda, na unamwambia mkulima. Mkulima mwenye risiti za mwezi mzima anaweza kwenda ofisini akazipanga mezani moja moja. Kwangu mimi hicho ndicho kipimo cha kihisi kizuri, kwamba yule anayepimwa naye apate namba ileile anayoipata anayempima.

Ndani ya kiwanda chenyewe mambo yanakwenda polepole zaidi. Majani yakishasagwa huachwa yachachuke, na hapo rangi hugeuka kutoka kijani hadi hudhurungi na harufu ikabadilika. Yakikatizwa mapema, chai inakuwa chungu. Yakicheleweshwa, inapoteza ladha. Kwa miaka mingi mwamuzi amekuwa fundi mzoefu mwenye pua na macho makali. Mtafiti Gibson Kimutai na wenzake waliifundisha kompyuta ndogo yenye kamera kuitambua rangi hiyo, wakaijaribu katika kiwanda cha Sisibo hapa Kenya. Huko Nyeri nako, mbali na chai, Profesa Ciira wa Maina na wanafunzi wake wa Chuo Kikuu cha Dedan Kimathi wameweka vihisi vinavyopima kina cha mto Muringato. Hizi ni kazi za majaribio, na ninawatajia ili mjue kwamba wanaozifanya ni watu wa karibu, waliosoma shule zinazofanana na zenu.

Hata hivyo, mkitaka kujua vifaa vilivyounganishwa viliingiaje kwa wingi Kenya, msiangalie viwandani. Ujerumani au Japani vilipanuka kupitia viwanda vya magari na mitambo mikubwa, ambako mashine ikisimama saa moja kampuni inalia. Kwetu sisi vilipitia paa la mabati.

Mwaka 2007 Safaricom ilianzisha M-Pesa. Oktoba 2012 kampuni ya M-KOPA ikaanza kuuza seti ndogo ya sola: paneli, taa, redio na waya wa kuchajia simu. Nyumba nyingi za vijijini zilikuwa zikinunua mafuta taa kila siku na hazikuwa na fedha za kununua sola kwa mkupuo. Benki nazo hazikuwa tayari kumkopesha mtu asiye na hati ya shamba wala hati ya mshahara. M-KOPA ilidai malipo ya kwanza ya karibu shilingi 3,000, kisha shilingi 40 kwa siku kwa mwaka mmoja. Siri ilikuwa ndani ya kisanduku cha betri, ambamo mlikuwa na laini ya simu. Ukilipa kwa M-Pesa, kompyuta za kampuni zilituma ujumbe kwa kisanduku na taa zikafunguka kwa siku ulizolipia. Usipolipa, zilijifunga. Kisanduku nacho kilituma habari za hali ya betri na paneli, hivyo kampuni iliweza kujua kifaa kimeharibika hata kabla mwenyewe hajapiga simu.

Mnaona kilichotokea? Laini ile iliwekwa ndani ya kisanduku kwa ajili ya deni. Ilichukua nafasi ya hati ya shamba. Familia ambazo hakuna benki iliyozijali zilipata mwanga wa kusomea, na baada ya kumaliza kulipa, sola ikawa yao kabisa. Mimi naliona hilo kuwa jambo kubwa. Lakini naona pia kwamba katika kisa hiki anayesikiliza ni mkopeshaji, na kwamba taa inayoweza kuzimwa na mtu aliye Nairobi ni taa ya namna nyingine. Siku hizi njia hiyohiyo inatumika kuuza simu janja kwa mkopo: usipolipa, simu inajifunga mkononi mwako.

Mtindo huo ukishaujua utauona kila mahali. Kontena linalotoka bandari ya Mombasa kwenda Uganda au Rwanda hufungwa kufuli ya kielektroniki inayoripoti lilipo, na anayesikiliza ni mamlaka ya mapato, isije bidhaa iliyosamehewa ushuru ikashushwa njiani. Magari mengi ya biashara yana kifaa cha kuyafuatilia, na anayesikiliza ni mwenye gari au kampuni ya bima. Katika mashamba makubwa ya maua upande wa Timau, vihisi hupima chumvi na tindikali katika maji ya mbolea, na msikilizaji ni meneja anayejua kwamba waridi lililodhoofika halina mnunuzi Ulaya. Kila mahali palipo na mtu anayeogopa kupoteza fedha, hapo kihisi kinapata mnunuzi. Palipo na hasara isiyomgusa mwenye fedha, mara nyingi kihisi hakifiki. Mwenye nusu ekari ya mahindi Tigania anahitaji kujua unyevu wa udongo wake kama anavyohitaji mwenye maua, ila bado hajapatikana wa kumlipia.

Wafanyabiashara hupenda kutabiri mambo haya kwa namba kubwa. Mwaka 2010 Hans Vestberg, mkuu wa kampuni ya Ericsson wakati huo, alitabiri kwamba kufikia 2020 dunia itakuwa na vifaa bilioni 50 vilivyounganishwa. Kampuni nyingine zikaidaka namba hiyo, ikachapwa kila mahali. Mwaka 2020 ukafika, na hata ukijumlisha simu na kompyuta zote, haikufikiwa hata nusu yake. Kampuni ya IoT Analytics ya Ujerumani, ambayo haihesabu simu wala kompyuta, ilisema mwishoni mwa 2023 vifaa vilikuwa bilioni 16.6, na kwamba viliongezeka kwa asilimia 15 katika mwaka huo mmoja. Hilo ni ongezeko kubwa sana. Na jumla hiyo ni zaidi ya vifaa viwili kwa kila binadamu aliye hai.

Ongezeko hilo lina sababu zake. Simu janja zilipotengenezwa kwa mamia ya mamilioni, vihisi vilivyomo ndani yake, vya mwendo, vya mwanga, vya mahali, vilishuka bei hadi mtu wa kawaida akaweza kuvinunua. Mitandao ya simu ikaenea. Kampuni za simu zikajenga pia njia maalum za vifaa vinavyosema kidogo na kwa nadra, ili betri moja idumu miaka.

Utabiri nao ulikwamishwa na mambo ambayo mtu wa Meru angeyaona mara moja. Betri huisha. Bonde likiwa na kina kirefu, mtandao haufiki. Kifaa kikiharibika, fundi yuko mbali na kipuri kinatoka ng'ambo. Na kampuni hufa. Kulikuwa na kampuni ya Kifaransa iitwayo Sigfox iliyojenga mtandao wake wa vifaa vidogo katika nchi nyingi. Karibu mwaka 2018 Liquid Telecom iliuleta mtandao huo hapa Kenya. Januari 2022 Sigfox iliwekwa chini ya usimamizi wa mahakama kwa kuelemewa na madeni, na miezi michache baadaye ikanunuliwa na UnaBiz ya Singapore. Waliokuwa wamefunga vifaa vya Sigfox kwenye matangi na malori yao walikaa miezi hiyo bila kujua kama kesho vitakuwa na mahali pa kupeleka habari. Mtu akija shuleni kwenu kuuza vifaa vya namna hii, mwulizeni vitafanyaje kazi kampuni yake ikifungwa. Mwulizeni pia habari zinakwenda kwa nani. Kenya ina Sheria ya Ulinzi wa Data ya mwaka 2019, inayompa mtu haki ya kuelezwa jinsi habari zinazomhusu zinavyotumika. Sheria hiyo ni yenu pia.

Kuna vihisi vilivyowekwa shuleni kwa makusudi. Mpango uitwao TAHMO, wenye ofisi Nairobi, ulianzishwa na Nick van de Giesen wa Uholanzi na John Selker wa Marekani, wakiota vituo vya hali ya hewa 20,000 barani Afrika. Wengi wa wenyeji wa vituo hivyo ni shule, kwa kuwa shule ina ua, ina mlinzi na ina wanafunzi. Kituo chenyewe ni chombo cheupe juu ya nguzo, kinachopata umeme kutoka kwa paneli ndogo. Upepo hakipimi kwa pangaboi. Kinapima jinsi sauti ambayo sikio haliisikii inavyosukumwa na upepo. Mvua hushuka kwenye faneli na kutoka chini tone kwa tone, na kila tone hugusa ncha mbili za dhahabu na kuhesabiwa. Adui wa chombo hicho cha ajabu ni buibui. Akijenga kwenye faneli, maji hayapiti, na kompyuta iliyo mbali inaandika kwamba hapo hapakunyesha. Mwanafunzi aliye na ngazi na brashi ndiye anayejua ukweli.

Nimekiacha kifaa cha mwisho makusudi, kwa sababu kiko ukutani kwenu.

Katika ploti nyingi za Kinoru na Makutano kuna mita ya tokeni. Umeme ukikaribia kuisha jioni, inaanza kulia, na mama anatuma shilingi 200 kwa M-Pesa, paybill 888880. Ujumbe unarudi na namba 20. Mmoja wenu anasimama kwenye mita, mwingine anasoma, nne nne, huku jirani akimulika kwa tochi ya simu. Ukikosea moja, mita inakataa. Ukipatia, chumba kinawaka.

Mita hii inahisi, kwa kuwa inapima umeme unaopita. Inasikia pia, kwa vidole vyenu. Lakini haina mdomo. Haina laini ya simu wala redio, na Kenya Power haijui kinachoendelea ndani yake mpaka mtu aje kuitazama. Ninyi watoto ndio mtandao wake. Habari kutoka kwenye kompyuta za kampuni hadi kwenye mita zinasafiri mita chache za mwisho kwa midomo na vidole vyenu. Mfumo huo ulizaliwa Afrika Kusini, ukaenea duniani kwa sababu ulifanya kazi mahali pasipo na mtandao wowote. Mita zinazojisomea zenyewe na kuripoti zipo, nazo Kenya Power ilianza na wateja wakubwa kama viwanda. Mnajua sababu: kwa mteja mkubwa, hasara ya kutosikia ni kubwa.

Sasa, namba zile 20 zimebeba nini? Zimebeba kiasi cha umeme, na zimefungwa kwa ufunguo wa mita yenu peke yake, ndiyo maana tokeni ya jirani haikubali kwenu. Na zimebeba dakika. Kila tokeni ina namba ya dakika ilipotolewa, nazo hapo awali zilihesabiwa tangu Januari 1, 1993. Mita inakumbuka dakika za tokeni ilizopokea, kwa hiyo huwezi kuingiza tokeni moja mara mbili. Nafasi iliyotengwa kwa hesabu hiyo ilitosha dakika 16,777,216 tu. Wahandisi walijua tangu mwanzo kwamba siku moja itajaa, na siku hiyo ilikuwa Novemba 24, 2024. Mita ambayo haingesasishwa kabla ya hapo ingekataa kila tokeni mpya.

Kwa kuwa mita hazina mdomo wala sikio la mbali, hakuna aliyeweza kuzisasisha kutoka Nairobi kwa kubonyeza kitufe kimoja. Kenya Power iliwatumia wateja namba za ziada pamoja na tokeni zao: 20 za kwanza, 20 za pili, kisha 20 za umeme wenyewe. Namba 60. Ilibidi makumi ya mamilioni ya mita duniani ziguswe moja moja, na hapa kwetu, nyumba kwa nyumba, miongoni mwa waliozigusa walikuwa watoto, kwa sababu macho yao ni mazuri na vidole vyao havitetemeki.

Hesabu mpya inaanzia Januari 1, 2014, na nafasi yake ni ileile. Chukueni kalamu. Andikeni 2 mara 24 na kuzizidisha zote pamoja. Mtapata dakika 16,777,216. Gawanyeni kwa 1,440, ambazo ni dakika za siku moja. Kisha hesabuni siku mlizopata kuanzia Januari 1, 2014, bila kusahau ile miaka ambayo Februari ina siku 29. Mkiangukia Novemba 24, 2045, mmepatia.